Mabati ya Mzee Saidi

Jumanne, baada ya isha

Nisamehe, daftari langu, tangu Ramadhani sijakushika. Mtoto alikuwa na homa, na moyo wa kuandika sikuwa nao.

Mzee Saidi yu hai! Tangu alipopotea tulidhani amekufa, mtaa mzima tulishamsomea hitima. Kibanda chake sokoni kilikuwa kimeungua, wakubwa wa soko wakaniambia nikichukue, nikakiezeka mabati mapya aliyoninunulia dada kule Mtwara kwa pesa zangu. Mwezi uliopita mzee akavuka mpaka wa Namoto kutoka Tanzania, akarudi. Nililia kwa furaha. Kibanda nilimpa siku ileile, maana ni chake.

Leo nimemwomba anirudishie gharama za mabati. Akasema mbele ya watu, "Mwanangu, si ulinitolea sadaka ya marehemu?"

Wote wakacheka. Mimi sikucheka. Mtaji wangu wote uko juu ya paa lile, na sina pa kuuzia.

Mwanasheria wa tribunali, yaani mahakamani, kaniambia, hata kama hatukuandikiana, mzee hawezi kunufaika na mali yangu bure. Ila nilete ushahidi.

Basi kesho nimpigie dada anitumie risiti ya mabati, ile picha niliyomtumia ya kibanda kilivyoungua, na namba ya yule fundi wa paa aliyenitafutia. Na unga kidogo, kama anao.