Selo Iliyobebwa Mabegani

Kaka Eli, mkono umeunga? Huku Bongo mvua haina adabu. Imenikuta Kariakoo nikipeleka selo yangu kanisani kupiga, nikalifunika sanduku lake kwa shuka nyeupe ya gesti, wapagazi wawili wakalibeba begani. Kumbe nimetengeneza jeneza! Wenye maduka wakatoka wakapokezana kulibeba kama msiba wa jirani, nami nyuma nawakimbilia. Mzee mmoja muuza vitambaa akanisogelea.

"Pole, mwanangu. Marehemu ni mtoto?"

"Shikamoo mzee. Si maiti, ni selo. Fidla kubwa."

Akacheka mpaka akashika nguzo. "Marahaba! Basi kaa hapa barazani, tuisikie."

Nikapiga kile kipande cha mtunzi wa Ulaya wa enzi ya Baroki, karne tatu nyuma, aliyeitoa selo nyuma ya vyombo vingine akaiachia iseme peke yake. Kile unachosema bila kinanda chako ni nusu wimbo. Hakuna aliyeondoka. Mvua ilipokatika wakaibeba tena hadi kanisani, safari hii kwa makofi.

Mpe mama shikamoo yangu, nawe upone haraka. Kiti chako cha kinanda nakutunzia, ila kipande hiki usikiguse.

Mdogo wako, Neema