Kwa Gitonga, Ambaye Bado Hajazikwa

Mwaka umezunguka, Baba Kendi, na wewe bado hujazikwa. Uko hapa Richfield, ughaibuni, juu ya kabati la vyombo, ndani ya mtungi. Kila nikitoka kwenda kazini nakuaga.

Ulikuwa mhudumu wa wazee, mtu wa shifti mbili, uliyejua kumgeuza mgonjwa bila kumuumiza. Mgonjwa wako mmoja, mzee kutoka Laos, alikufundisha kuketi kimya kwa njia ya Budha. Lo! Kanisani walisema umerukwa na akili. Mimi nikanuna wiki nzima.

Lakini hukuridhika na kuketi peke yako ukitazama ukuta. Ulisema mtu aketi na mwenzake mwenye hofu mpaka hofu ipungue. Ukaanzisha njia yako mwenyewe, Njia ya Kuketi na Mwenzio, hapa sebuleni, sala kwa Kiswahili na chai ya maziwa baadaye. Sosthène na Donatille, Wakongo wa mtaa wa Cedar-Riverside, ndio waliokufuata kwanza. Viatu vya wafuasi wako vikajaa mlangoni, nikalalamika, ukacheka tu.

Kisha ikaja ile baridi mbaya, watu wakikamatwa njiani na maafisa wa uhamiaji, majirani wakijifungia ndani na watoto wao. Ukawa unabeba unga na maharagwe, unaingia nyumba hii na ile, unaketi nao. Nikakuambia, "Wewe pia ni mgeni hapa, watakubeba!" Ukanijibu, "Sasa Mama Kendi, nani aketi nao?" Moyo wako ulisimama asubuhi moja ukiwa umeketi kwa Donatille. Alidhani bado unasali.

Uliagiza uchomwe, kama wafanyavyo watu wa Budha. Tukatii. Mama yako kule Meru akasema, "Mtoto wangu si takataka," akakata simu. Kwetu mtu hulazwa nyumbani, mwili mzima, kando ya baba yake. Wazee nao wakasema majivu hayachimbiwi kaburi. Tumebembeleza mpaka tumechoka. Inauma, Baba Kendi, we acha tu.

Jumapili mama yako alipiga simu mwenyewe. Akasema tukulete. Amewasimamia wachimbaji, kaburi liko tayari, refu, na jeneza limeagizwa la mtu mzima. Nikamwambia, "Mama, ni mtungi mdogo tu."

Akasema, "Mwanangu alikuwa mrefu."

Unakumbukwa na mama yako Karimi, mkeo Nkatha, watoto wako Kendi na Mwenda, na wote wanaoketi. Hatujakusahau, wala hatutakusahau.