Mama Pini na Gauni la Mistari ya Buluu

Mwaka umetimia, Mama Pini, tangu cherehani yako ipoe, na kaka yako ametaka tuanze kwa kuliweka wazi hili: siku ile katika chumba chako cha mavazi, mjinga alikuwa yeye.

Wasiokujua tuwaambie. Ulikuwa mbunifu wa mavazi ya filamu. Jina hilo walikupa waigizaji, kwa kuwa ulizungumza pini zimejaa mdomoni, na hakuna aliyejua kama umekasirika au umebana meno tu. Shati jipya ulilisugua kwa msasa, ukalilowesha kwenye chai ya rangi, ukalianika mpaka likaonekana limetumika miaka. Mama alikuwa akishika kichwa: "Mwanangu, wenzako wanafua nguo zing'ae, wewe unazichosha!"

"Mama, hizi zinaenda kazini. Lazima zionekane zimeshawahi kufika."

Hata yule wa kupita tu barabarani, asiye na neno la kusema kwenye filamu, ulimpigia pasi mwenyewe na kumuuliza kama viatu vinambana.

Filamu yako ya mwisho ilimhusu mlinzi wa ghala anayedhoofika kwa maradhi. Aliyemwigiza alikuwa bonge la mtu, na kula alijua. Hukumwambia apunguze. Ulimshonea shati lile lile mara kadhaa, kila moja pana kuliko lililotangulia, kola ikiachana na shingo kidogo kidogo. Kwenye picha alikuwa anakwisha, na mezani anaongeza sahani.

Ndipo kaka yako akaja kukutania kama kawaida yake. Alipapasa mashati yaliyotundikwa, madogo mpaka makubwa. Kisha pembeni, ambako taa haikufika vizuri, akaona msururu mwingine: gauni lako la mistari ya buluu, lile la kila Jumapili. Lile lile, na lile lile tena, kila moja jembamba kuliko jirani yake. La mwisho lilikuwa limeshapindwa, bado halijavaliwa.

Akalipima kifuani, akacheka. "Na hili la nani? Umeanza kuvisha fito?"

Ulizitoa pini mdomoni, moja moja. "La mtu anayelikaribia."

"Mwambie ale! Mbona wewe umenawiri, mabega kama ya bondia?"

Ulitabasamu, ukamnyang'anya gauni, ukalirudisha gizani.

Baada ya hapo mambo yalijionyesha, sisi tukapita tu. Pete yako ikahamia kidole gumba. Kile kiti cha jikoni, kilicholalamika kila ulipokaa, kikanyamaza. Ukawa unashika mlango ukisema unajaribu kitasa. Lakini Jumapili ikifika, gauni lilikukaa kama limemwagwa mwilini, nasi tukasema, huyu habadiliki.

Picha ya mwisho ilipopigwa, uliketi sakafuni chini ya mashati ya mlinzi, hukuinuka. Binti yako alikufungua vifungo upate hewa, na mikononi mwake zikabaki sponji, ulizojazia pale ambapo kupunguza gauni pekee kusingekuficha. Za mabegani, za kifuani, za kiunoni. Chini ya hizo zote ulikuwepo wewe, umebaki kidogo. Hospitalini, daktari akatuambia ulikuwa unajua siku nyingi kwamba unaumwa.

Siku ya kukuvalisha kwa safari, binti yako alilileta gauni la mwisho. Halikuhitaji pini hata moja.

Tunaokuenzi ni mama yako, anayeongea na cherehani akidhani hatusikii, binti yako, ambaye sasa mkasi ni wake, watoto wa kaka yako, wanaomuulizia shangazi, mafundi wenzako, na kaka yako mwenyewe, ambaye siku hizi hamtanii mtu kabla ya kumshika mkono. Hutatoka mioyoni mwetu maisha yetu yote.

Wala hatutausahau ugomvi wenu wa mwisho, pale kitandani hospitalini. Alifoka huku machozi yanamtoka: "Ungetuambia!"

"Mngeninyang'anya mkasi. Mlinzi wangu ningemwacha na nani?"

"Lakini kila Jumapili tulikaa meza moja! Mimi si kipofu, dada. Nilikuona!"

"Uliona gauni, kaka."