Doti Mbili za Kwenda Uluguru

Uluguru, Mfunguo Mosi 1303

Mama, shikamoo. Mimi mzima, ila kifua kinabana kwa baridi. Mwaka wa tatu huu tangu niache misafara nikaoa huku, na bado sijazoea. Nguo hazikauki; ukungu unaingia ndani kama mwenye nyumba. Mwezi nao ukajificha mawinguni. Nilikuwa bado nafunga, peke yangu mlima mzima, hadi mtu aliyetoka bondeni akaniambia Idi imepita siku tatu. Mjukuu wako ameanza kutembea. Nimempa jina lako, Mwanahija. Macho yako je, mama?

Mwanao, Mrisho

Bagamoyo, Mfunguo Tatu 1303

Mwanangu, marahaba. Macho bado yanaona kalamu, sindano hayaioni. Mtu kufunga Idi sijapata kusikia; mlima umekutoa akili. Nimechoka kupika chungu cha mtu mmoja, Mrisho. Niletee mtoto nimlee, mtoto ni wa baba yake. Nimempa Majaliwa mpagazi doti mbili za kaniki na chumvi kidogo. Nguo mpe mjomba wa mkeo aliyekuoza, moyo umlainike, ndipo umwombe ruhusa.

Mama yako

Uluguru, Mfunguo Saba 1304

Mama, shikamoo. Afya si mbaya. Sijui nianzie wapi. Huku mtoto si wa baba, ni wa ukoo wa mama yake, na mwenye neno ni mjomba. Nilijua hayo, nikaona haya kukwambia. Mjomba alizipokea nguo zako mbele ya wazee, akasema, “Bibi wa pwani muungwana. Ametuletea nguo za kumlelea mtoto wetu.” Kwao, bibi wa upande wa baba akileta nguo, amekwisha kuwaachia mtoto. Nilipoomba ruhusa walicheka, wakadhani natania. Mimi mwenyewe hakuna anayenizuia, naweza kuteremka hata kesho. Sema neno moja tu, mama, nitakuja.

Mwanao, Mrisho

Bagamoyo, Rajabu 1304

Mwanangu, marahaba. Macho yameniacha, anaandika Mardhiya, binti wa jirani, mimi nasema tu. Zile nguo nilizichagua mwenyewe, nikazishikashika dukani nijue ipi nzito. Nimelia, sitakuficha. Juzi nilimwambia Mardhiya aandike uje. Akaandika, nikamwambia aichane ile barua.

Baba yako alipokwenda bara ulikuwa ndiyo kwanza unatembea. Ulikaa kizingitini ukimwita baba kila aliyepita, hata wapagazi, na mimi nikikuingiza ndani kwa nguvu. Sitaki mjukuu wangu akae hivyo.

Usije, mwanangu.

Mama yako