Punje Mbili za Buni

Shuleni, Karagwe
14 Februari 1983

Shikamoo Mama,
Mimi mzima, sijui wewe, Baba na yule mbuzi wetu mkorofi. Mama, shule imenishinda. Kidato cha kwanza tuko wasichana wa kila mkoa, lakini bwenini hakuna anayetaka kulala jirani na mimi. Kokwijuka, msichana wa hapa hapa Karagwe, amewaambia mimi ni mkimbizi. Na mimi nimezaliwa Kyerwa. Likizo ikifika narudi nyumbani moja kwa moja.
Mwanao,
Anonciata

Kyerwa
2 Machi 1983

Marahaba binti yangu,
Sisi wazima. Mbuzi kala kanga yangu ya kanisani, lakini hayo tuyaache. Barua yako imeniliza.
Tulipofika hapa kutoka Rwanda nilikuwa na mimba ya kaka yako, sijui mtu. Jirani yetu bibi Kemigisha akaniita kwake. Akapasua buni ya kutafuna, punje moja akala yeye, ya pili akanipa mimi. Akasema, tangu leo ukilala njaa, nami nimelala njaa. Tangu hapo hajaniacha. Hata kitovu chako alikikata yeye.
Nimempa Mwalimu Gosbert kifurushi cha buni akuletee. Usizitafune peke yako, nakujua. Anza na huyo huyo Kokwijuka. Akikataa, rudi nyumbani, sitakugombeza.
Mama yako

Shuleni, Karagwe
9 Mei 1983

Shikamoo Mama,
Pole na kazi za shamba. Anayeandika ni Kokwijuka. Anonciata aliugua malaria, bado mkono hauna nguvu. Usishtuke, jana amekula ndizi sahani nzima na kunisema kwa mwandiko wangu mbaya.
Mama, buni yako niliikataa. Akaiacha juu ya kitanda changu, nikaifungia sandukuni. Sisi Wanyambo tunajua maana yake, nikaogopa kwa sababu nilikuwa nimeshamsema vibaya. Siku homa ilipomwangusha darasani, wenzangu walisimama tu wakitazama. Nikaona aibu. Nikambeba mgongoni mpaka zahanati, kisha nikaifuata ile buni na kuipasua kando ya kitanda chake. Akatafuna huku anatetemeka, akaniambia nimechelewa.
Naomba unisamehe. Na asante, Mama, kwa kunitumia ndugu niliyekuwa namfukuza.
Anasema nikuandikie kwamba baada ya likizo atarudi shuleni. Nimemwambia hata asingetaka, ningemburuta. Likizo tunakuja wote wawili. Mbuzi afungwe tafadhali, kanga ninayo moja tu.
Mwanao,
Kokwijuka