Kengele Iliyoshuka Mlimani

Salaam aleikum, Halima mjukuu wangu. Huku Isiolo sisi ni wazima, na nyanya yako amepona mguu. Mvua tu ndiyo imetunyima.

Picha zako za vilele vya Uswisi niliziona kwa simu ya mama yako. Unasema ng'ombe wa huko hupandishwa mlimani msimu wa joto, na wakishuka huvishwa maua, watu wakawapigia makofi. Ukauliza mbona babu hajibu. Nitajibu leo, halafu usinitumie tena picha hizo.

Nami nilipandisha ng'ombe mlimani nikiwa kijana. Ukame ulishika kwetu Korbesa. Baba alikataa, akasema ng'ombe waliokonda kwenye joto hawawezi baridi. Nilimwona mwoga, nikawapeleka Mlima Kenya bila ruhusa yake. Nyasi zilikuwa tele. Kisha mvua ya baridi ikanyesha siku tatu. Mengine sitaandika.

Nilirudi na kengele ya ng'ombe aliyekuwa akiwaongoza wenzake, ikining'inia begani. Baba aliisikia kwa mbali, akakimbia kuondoa miiba mlangoni mwa boma, akasimama kando kuwapisha ng'ombe.

Nikaingia peke yangu.

Babu yako