Msipige Jikoni

Kambi ya Waliotoroka, Cairo, Illinois
2 Februari 1863

Kaka Burrell,

Shikamoo. Namsalimu pia Bwana Tierney anayekusomea barua hii. Mimi nipo, kikohozi kimepungua, ila mikono imechanika kwa kufua mashuka ya hospitali ya jeshi katika baridi hii. Na wewe je? Joto la huko chini melini kwenye makaa bado linakutoa damu puani?

Jana amefika Ambrose, yule fundi wa mapipa wa kwa Tarpley. Ametembea siku kumi na tisa. Anasema Mama yu hai, bado anapika jikoni kwa bwana. Nilikaa chini kwenye matope nikalia. Kumbe hakuwa amemaliza. Tarpley anaogopa jeshi la Kaskazini litamnyang'anya watumwa wake, kwa hiyo barabara zikikauka tu atawapakia wote kwenye magari ya ng'ombe awapeleke Texas. Burrell, mtu akishapelekwa Texas humpati tena.

Ninyi mnateremka mto. Meli yenu imevaa chuma, ina mizinga kumi na mitatu. Mwambie nahodha asimame gatini kwa Tarpley nusu saa tu. Siku ile tunatoroka Mama alisema, "Nendeni, magoti yangu hayakimbii." Nami nikageuka nikaenda, sikumbishia hata kidogo.

Mdogo wako,
Silvy


Manowari Shawneetown, mto Mississippi
19 Februari 1863

Silvy mdogo wangu,

Marahaba. Damu imekoma, nakula vizuri. Tierney amepokea salamu. Anasema wewe ndiye mwanamke wa kwanza kumsalimu tangu atoke Ireland, na kama unaweza kumfulia shati bila malipo, yupo.

Nilimwendea nahodha. Nilipanda juu na masizi yangu, nikavua kofia, nikamweleza yote. Alinisikiliza, siwezi kumsingizia. Kisha akasema watu weusi thelathini wanafanya kazi kwenye meli hii na kila mmoja ana mtu wake kwenye kingo za mto huu. "Nikisimama kwa mama yako," akasema, "nisisimame kwa mama wa nani?" Nilirudi kwenye makaa.

Kuna baya zaidi. Wapanda farasi wa Kusini wanajificha nyuma ya tuta, pale pale kwa Tarpley, wanazipiga risasi meli zetu za mizigo. Amri imetoka kwamba gati lolote litakalotufyatulia tulibomoe, na majengo yake yote. Sisi ndio tunaotumwa. Jiko la Mama liko hatua arobaini kutoka gatini. Mimi nitakuwa chini natia makaa, sitaona kitu, nitaisikia tu mizinga juu ya kichwa changu. Wewe ndiye mwenye akili kati yetu. Niambie nifanye nini.

Kaka yako,
Burrell


Cairo, 3 Machi 1863

Kaka,

Shikamoo. Habari zangu ziache, sina habari.

Nimekuchorea kwa Tarpley kote nyuma ya karatasi hii, na Ambrose amepitia kila mstari. Gati ni hili. Nyumba kubwa. Jiko la matofali nyuma yake, nimelitia msalaba. Vibanda vyetu. Na kule kushoto, peke yake, jengo la kinu cha pamba.

Usimpe nahodha, mpe anayelenga mizinga. Mwambie ikiwa ni lazima wapige, wapige kinu. Ni jengo kubwa, litamuuma Tarpley kuliko nyumba yake, na majira haya pamba imeshachambuliwa, humo hamna kiumbe ila panya. Jikoni wasipige. Mpigie magoti, Burrell. Mwambie kuna mwanamke wa miaka sitini pale ambaye hajawahi kumkosea mtu. Mwambie lolote.

Ambrose ananiambia nipumue. Anasema mizinga ya siku hizi inalenga vizuri. Yeye anajua nini kuhusu mizinga?

Mdogo wako,
Silvy


Shawneetown, 21 Machi 1863

Silvy mdogo wangu,

Marahaba. Mimi mzima.

Tulifika kwa Tarpley tarehe kumi na nne, asubuhi. Walianza wao. Risasi ziligonga mabamba ya chuma kama mawe kwenye sufuria, na rubani wetu akapigwa shingoni. Niliacha koleo, nikapanda kwenye mizinga bila ruhusa. Mlengaji wetu, Haskins, ni mzee asiyecheka. Nilimpa mchoro. Akauliza, "Jiko ni lipi?" Nikamwonyesha. Wapanda farasi walikuwa wanakimbilia upande wa kinu, kwa hiyo hakubisha kukipiga. Jiko halikuguswa hata tofali moja.

Kulipotulia walinishusha na askari niwaonyeshe njia. Jikoni hamkuwa na mtu. Sufuria zake zimening'inia, majivu yamepoa. Wamekwisha kupelekwa Texas, Silvy. Tumechelewa. Vita vikiisha tutamtafuta.

Usiniulize zaidi, Tierney ana kazi.

Kaka yako,
Burrell


Cairo, 2 Aprili 1863

Burrell,

Shikamoo. Natumaini u mzima.

Tangu barua yako nimekuwa nikimkamata kila anayeingia kambini na kumuuliza habari za Texas. Kuna magari mangapi njiani, wazee wanapewa chakula, watu wanauzwa mji gani. Watu wameanza kunikimbia.

Juzi meli ya majeruhi imemleta Juno, binti wa fundi chuma wa kwa Tarpley. Mkono wake umeungua hadi begani. Nilikuwa nambadilishia shuka. Nikamuuliza waliondoka lini kwenda Texas. Akanitazama kana kwamba nimerukwa na akili. Akaniambia hakuna aliyekwenda Texas. Magari yalichelewa, na Tarpley aliwafungia wote ndani ya kinu siku tatu, nje kufuli, wasije wakawakimbilia ninyi.

Anasema alikuona. Anasema ulichimbua mbao na matofali kwa mikono mitupu mpaka mzungu mmoja akakushika kiunoni.

Siku mbili nilikuchukia kwa uongo wako. Siku ya tatu nikaelewa kwa nini ulidanganya. Kinu ulikichora wewe? Nilikichora mimi. Niliandika kwa mkono wangu hamna kiumbe.

Sasa niambie. Alikuwa hai ulipomfikia? Usinichagulie cha kujua. Mimi si mtoto.

Silvy


Shawneetown, juu ya Vicksburg
11 Aprili 1863

Silvy mdogo wangu,

Marahaba. Mwili wangu mzima. Aliyenishika kiunoni ni Tierney. Siku ile naandikisha ule uongo aliweka kalamu chini akasema, "Atakuja kujua, Burrell, na atajua bila wewe kuwepo." Nilimwambia aandike anachoambiwa.

Paa lote lilikuwa limewaangukia. Tulitoa watu kumi na mmoja waliokufa na saba walio hai. Mama alikuwa hai. Boriti ilikuwa juu ya miguu yake na hatukuweza kuiinua hata tulipokuwa sita. Alinijua mara moja. Alisema nimekonda. Akauliza, "Silvy yuko wapi?" Nikamwambia uko Cairo, u huru, unaandika barua kama mwanasheria. Akafurahi, niliona. Akaomba maji, mtu akaenda kuyachota.

Kisha akauliza, "Nani aliwaambia wapige huku?"

Nikamwambia ni mimi.

Alinitazama. Akanishika sikio, kama alivyokuwa akitushika tukikosea, lakini hakulivuta. Maji yalipofika alikuwa amekwisha kwenda. Nimemzika mwenyewe, nyuma ya vibanda, pale ardhi ilipoinuka na mafuriko hayafiki. Nimeweka ubao na jina lake. Juno anapajua.

Haya ndiyo niliyokuwa nakuficha. Umeyataka, unayo.

Haskins aliniomba nihamie juu, nifanye kazi kwenye mizinga. Nimekataa. Karibu tutaamriwa kupita chini ya mizinga ya Kusini pale Vicksburg. Nitakuwa kwenye makaa.

Ukiweza kuniandikia tena, niandikie. Usipoweza, nitaelewa, na nitabaki

kaka yako,
Burrell